Kijisanduku Kilichofungiwa Kwenye Droo

Uliangalia dari. Usiniambie ulikuwa unasoma karatasi, kwa sababu karatasi yako ulikuwa umeikunja na kuikalia. Mimi nilikuwa nje kwenye dirisha, nimeshika vyuma kwa mikono miwili, na niliona shingo yako ikiinuka polepole kama ya mtu anayetafuta popo kwenye mabati. Jina la Seline Auma lilikuwa linasomwa. Seline alikuwa amekaa kushoto kwako, goti lake linagusa lako. Nawe ukaangalia dari.

Sitakutaja. Lakini nitaeleza yote tangu mwanzo, ili hata mgeni aliyeshuka Usenge jana akisoma haya ajue ulifanya nini.

Seline, ambaye sisi tunamwita Mama Debra, anaanika omena, dagaa wa ziwa hili, kwenye ufuo huu tangu miaka ile magugu maji yalipofunga ziwa, mashua zikasimama kama zimepandwa. Mwaka 2009 malaria ilimlaza wiki tatu. Alipoinuka, masikio yake hayakuinuka naye. Ukimpigia kelele karibu anasikia mngurumo tu, kama lori linalopita mbali. Tangu hapo mikutano yetu yote aliisoma kwenye midomo ya watu, na nyinyi mkasema ana kiburi, hajibu salamu. Nakumbuka nani alisema. Mimi nakumbuka mambo mengi, ndiyo maana hamnipendi.

Mwaka jana binti yake Debra, anayekaanga mgongo wazi, ile mifupa ya sangara, kule Obunga, alimnunulia mjini Kisumu zile spika ndogo za masikioni zisizo na waya. Si za muziki. Debra alimwekea programu kwenye simu: unaweka simu karibu na mtu anayeongea, simu inanasa sauti, inaikuza, inaipeleka masikioni kwa Mama Debra. Siku ya kwanza alizivaa mbele yangu, nikamsalimia, akanitazama kwa mshtuko.

"Perez! Kumbe una sauti mbaya hivi?"

"Ndiyo hii Mungu alinipa."

"Wololo. Miaka hiyo yote tulikuwa marafiki kwa sababu nilikuwa sisikii."

Tulicheka mpaka akalia. Kuanzia siku hiyo alianza kusalimia watu, na mkasema siku hizi anaringa, mama mzima anatembea na muziki masikioni kama manamba wa matatu.

Sasa, vitu hivyo vina ujinga mmoja. Havina mahali pa kuchomeka waya. Chaji yote vinapata kwenye kijisanduku chake, kile kidogo unachoweza kufumbata. Ukivirudisha ndani vinalala na kula moto. Ukivitoa vinajiwasha vyenyewe, viwe na kazi visiwe na kazi, na vinaendelea kujimaliza. Kijisanduku kikipotea, spika nzima kabisa inabaki kuwa kokoto. Ya Mama Debra ilikaa saa tatu tu kwa chaji moja. Na kijisanduku chenyewe kilikuwa kigonjwa. Pasaka kilianguka kwenye mawe, bawaba ya kifuniko ikakatika. Alikata kipande cha ndara kuukuu akakibandika ndani ya kifuniko ili kikandamize spika ziguse pale panapopitisha moto, kisha akafunga yote kwa ukanda wa tyubu ya baiskeli. Kilifanya kazi. Kilionekana kama takataka, lakini kilifanya kazi.

Ikaja Jumatatu. Unajua Jumatatu. Mradi wa vichanja: vichanja arobaini vya waya na zege, omena isianikwe tena mchangani ikaliwa na kunguru na kuku. Majina yaliyoandikwa yalikuwa hamsini na nne. Kanuni ilisomwa wiki iliyotangulia: majina yataitwa ukumbini kwa mpangilio, kila jina mara tatu, mwenyewe aitike akiwa ndani. Asiyeitika anafutwa, wa nyuma yake anapanda. Arobaini wa kwanza kuitika ndio wenye vichanja. Seline alikuwa namba ishirini na sita. Hakuwa na sababu ya kuogopa.

Tuliambiwa saa tatu asubuhi. Afisa wa mradi alifika saa nane na nusu. Usiniambie ni barabara. Ndiyo barabara ile ile inayoleta wanunuzi wa samaki kabla jua halijachomoza.

Seline aliingia saa tatu na masikio yamejaa. Tuliweka simu yake kwenye meza ya mbele, pale mwenyekiti angekaa. Tukangoja. Akaanza kubana chaji: sikio moja linafanya kazi, lingine limelala kijisandukuni. Kufika saa sita, kijisanduku chenyewe kilikuwa kimeisha moto. Akatoa waya wake, akakichomeka ukutani pale pembeni ya ukumbi. Hata dakika tano hazikupita. Byron, karani wa kamati ya ufuo, alikuja akakichomoa.

"Mama, hapa si kwa kuchaji."

"Ni ya masikio, mwanangu. Nitasikiaje jina?"

"Stima ni ya ofisi. Tukiruhusu wewe, kesho kila mtu analeta redio yake. Na hii ni nini, bomu? Imefungwa na tyubu!"

Watu wakacheka. Fabian mwenye mashua akapaza sauti kutoka nyuma: "Mwachie, omera, Mama Debra anasikiza ohangla! Wakifika kwa jina lake atainuka acheze!" Ukumbi mzima ukavunjika kwa kicheko. Wewe pia. Niliona meno yako.

Byron akaondoka na kijisanduku, na ndani yake sikio la kulia la Seline. Akakifungia kwenye droo ya ofisi. Nikamfuata. Nilimwambia aliyoyasikia, na mengine ambayo mama yake hangependa kuyasikia, nikapiga meza kwa kiganja. Mlinzi Ondiek alinishika mkono akanitoa nje, mlango ukafungwa. Hilo ni kosa langu na nalikubali. Ningekaa kimya ndani, ningekuwa na mdomo wa kumsaidia. Jina langu lenyewe, namba sita, niliruhusiwa kuingia kuitika, kisha nikatolewa tena kama ng'ombe wa shamba la watu. Hasira yangu ndiyo iliyoniweka dirishani.

Lakini wewe ulikuwa ndani.

Seline alibaki na sikio moja la kushoto. Ana akili yule mama. Alilibonyeza akalishikilia mpaka taa ndogo ikazima, likalala nje ya nyumba yake, akalifunga kwenye pindo la leso. Afisa alipofika, akalibonyeza tena mpaka likaamka. Hesabu yake ilikuwa nzuri: majina ishirini na sita, dakika ishirini. Ingetosha.

Kumbe mwenyekiti Zadock alikuwa na hotuba. Alimshukuru afisa. Alimshukuru mkubwa wa afisa. Alituambia ziwa ni mama yetu, kana kwamba sisi tunaoamka na harufu yake nguoni hatujui. Aliisogeza simu ya Seline kando ili aweke soda yake, akaisogeza kwa vidole viwili, na aliijua ni ya nini, maana mimi mwenyewe nilimweleza asubuhi. Akaongea. Akaongea. Na kwenye sikio la mwanamke mmoja safu ya tatu, betri ikawa inakwisha.

Kisha akaanza kusoma majina, karatasi imemfunika mdomo. Walipofika namba kumi na tisa, nilimwona Seline anagusa sikio. Kile kitu hutoa mlio kabla ya kufa, kinakuaga. Akakugeukia. Asiyesikia hajui sauti yake ilivyo kubwa, kwa hiyo safu nzima ilimsikia, na mimi dirishani nilimsikia akikuita binti wa Sakwa, kama tunavyoitana hapa kwa kule tulikozaliwa:

"Nyar Sakwa, sikio langu limelala. Wakinitaja, nishike mkono."

Ukaitikia kwa kichwa. Uliitikia! Akakupa tabasamu, akaweka mkono wake juu ya paja, kiganja juu, tayari.

"Namba ishirini na sita. Seline Auma."

Dari.

"Seline Auma, mara ya pili."

Nikapiga kelele: "Yupo! Huyo hapo! Mshikeni mkono!"

Zadock hata hakugeuka. "Dirisha halina kiti. Anayeitika awe ndani, na aitike mwenyewe."

"Hasikii, na nyinyi ndio mmefungia masikio yake kwenye droo!"

"Ondiek, hebu mwondoe huyo mama hapo. Seline Auma, mara ya tatu."

Ondiek akanivuta, nikang'ang'ania vyuma. Watu hamsini na zaidi. Wengine mlisali naye Jumapili ya jana yake, benchi moja. Afisa akauliza, "Hayupo?" Na sikiliza Zadock alijibu nini, maana ni mjanja. Hakusema hayupo. Alimtazama Seline usoni juu ya karatasi, mita tatu tu, akasema, "Hajaitika." Kalamu ikapita.

Nilijiuliza usiku kucha kwa nini wewe, kati ya wote. Asubuhi nikatembea hadi kwenye ubao nikaisoma orodha. Ulikuwa namba arobaini na moja. Leo wewe ni arobaini.

Sikiliza, naelewa. Watoto ni watoto, na kichanja ni kichanja. Lakini mwaka 2020, ziwa lilipopanda likala mchanga wote wa chini pamoja na vibanda, ni nani alibaki na uwanja? Seline peke yake, kwa sababu wake ulikuwa juu kwenye mwinuko. Wanawake kumi na mmoja mlianika kwake kwa zamu, miezi mitano. Yeye akaanika siku mbili kwa wiki kwenye uwanja wake mwenyewe. Siku yako ilikuwa Alhamisi. Unaona? Hata siku yako naikumbuka. Hakuna mkutano ulioitwa, hakuna aliyeitwa mara tatu. Ulifika na beseni lako kichwani, akakuonyesha kwa kidole: pale.

Na lile la mwisho ndilo linalonichoma kuliko kalamu. Majina yaliisha, watu wakaanza kusimama. Seline akakugeukia, bado kiganja juu ya paja. "Bado kwangu?" Ulijibu kitu, sijui nini. Lakini kabla ya kujibu uliinua leso ukajifunika mdomo, kama mtu anayekohoa. Ulijua anasoma midomo. Ulimfungia na huo mlango.

Alijua jina lake limepita alipomwona Byron akimrudishia kijisanduku mlangoni, bila ukanda wa tyubu, bila kile kipande cha ndara. Byron hakuweza kumtazama. Hapo akaelewa. Hakupiga kelele. Kesho yake, nilipotoka kwenye ubao, aliniuliza tu, "Nani alipata?" Nikamdanganya, nikasema sijui. Kwa sababu angekuja kwako kukupongeza, na mimi nisingevumilia kuona hilo.

Sasa wewe.

Afisa alisema pingamizi mwisho ni Ijumaa, saa sita mchana, mezani pa kamati. Wanataka watu watano walioitika ndani ya ukumbi, waje wenyewe, waseme kwa midomo yao kwamba Seline alikuwepo. Mimi ni wa kwanza. Agneta, mwanikaji mwenzetu, amekubali. Atieno wa hoteli amekubali, ingawa mume wake Absalom amemnunia. Jana jioni nilienda kwa Fabian, yule yule wa ohangla. Alikuwa anaziba mashua. Kisha akasema, "Nilifanya mzaha mbaya, nyar Alego. Nitakuja. Lakini yule aliyekaa naye aje pia. Yeye ndiye aliombwa."

Kwa hiyo tuko wanne, na wa nne anakungoja wewe.

Ndiyo, Seline akirudi namba ishirini na sita, wewe unarudi arobaini na moja, unatoka nje ya orodha. Sikufichi. Mimi nina kichanja, namba sita. Utaanika kwangu Jumanne na Alhamisi, na sitakutangaza. Seline ameshanionyesha jinsi inavyofanywa.

Usiniletee habari ya kuomba msamaha kwa Seline kisirisiri jioni na omena kwenye mfuko wa plastiki. Hazitaki. Leo ni Jumatano. Debra ameshatuma kijisanduku kingine kutoka Kisumu, kinafika kesho, na Ijumaa Seline atakaa mbele kabisa na masikio yote mawili yakiwa yamejaa. Anataka kusikia sauti yako. Vaa viatu. Pita kwa Fabian umchukue. Njoo usimame mbele ya Zadock, uondoe leso mdomoni, useme: alikuwepo, aliniomba nimshike mkono, sikumshika.

Anza kutembea.