Mahari ya Ukoo wa Jua

Asubuhi moja ya mwezi wa saba, mwaka ule wanunuzi binafsi waliporuhusiwa kuingia vijijini na mizani zao, Kwandu alikuwa kwenye kivuli cha nyumba yake huko Migato akichambua pamba, safi kushoto, fifi yenye madoa kulia. Alipoinua kichwa, kivuli hakikuwapo. Mtemi wa Tisa wa Ukoo wa Jua alikuwa amesimama uani, na alipo yeye kivuli hakikai.

Ukoo huo ulijulikana. Mtemi wa Kwanza alichana giza kwa kisu cha kuchunia ng'ombe. Wa Nne aliwaazima wajomba zake nyota, wakazing'ang'ania mpaka leo. Wa Saba alitawala alasiri tu. Hawafi, hunywea wakawa wadogo, na wale wanane waliotangulia walikuwa ndani ya kibuyu alichokibeba Karani wao, mtu mwenye Kiswahili cha pwani na mkoba mweusi. Hawakuwahi kushuka tangu ulimwengu uumbwe, ila sasa soko lilikuwa huria, na habari zilikuwa zimefika hata huko juu.

"Mwangaluka, mayu," akasema Mtemi. Miguu yake ilikuwa shubiri moja juu ya vumbi.

"Mwangaluka, Ntemi. Karibu." Kwandu akampa kigoda, ingawa aliona wazi kwamba hatakikalia.

Kwandu hakuwa mtu wa kudanganywa kirahisi. Tangu mumewe Thomasi afariki, alikuwa na vitu viwili tu vya kuvilinda: binti yake Mariana, wa miaka kumi na tisa, na shamba la ekari nane kando ya mto. Shemeji yake Zengo alikuwapo uani siku hiyo. Magese, mtendaji wa kijiji, akatokea bila kuitwa, akiwa ameoga. Hapo machale yakamcheza Kwandu, kwa sababu Magese huwa haogi Jumanne.

"Tumetafuta nchi nzima," akasema Karani. "Tungependa kulipia mahali hapa."

Sasa, Usukumani ulimi haujazoea r. Pa kukaa ni mahali, na ng'ombe wa kuolea nao ni mahali. Mtu hujua ni ipi kwa kutazama aliyekuja kaja na nini. Hawa walikuja na ng'ombe kumi na wawili weupe, wenye joto la kukausha nguo. Kwandu akageuka kumtafuta Mariana, aliyekuwa akisuuza masufuria na hana habari na mtu.

"Hakuna mwingine anayedai?" Karani akauliza.

"Alikuja muuza dagaa wa Lamadi. Tulimkataa."

"Na panazaa?"

Swali lilimchoma Kwandu, ila watu wa mbali wana Kiswahili chao. "Kwetu hakuna mgumba," akasema, na Karani akaandika.

Kisha Kwandu akauliza yake, kama ukoo wao una kifafa, ukoma au uchawi. Wale wanane wakajibu kwa pamoja kutoka kibuyuni kwamba ugonjwa wa kwao ni kupatwa tu, nao hupita baada ya dakika chache. Zengo akaridhika. Kwandu akadai ng'ombe wa mama, akaongezewa ndama.

Magese alisoma karatasi kwa sauti. Mahali, mahali, mara sita. Kwandu alimkazia macho muda wote.

"Mbona jina la Mariana silisikii?"

"Mambo ya watemi hayo, mayu," akasema Magese, akitazama kuku. "Jina litatajwa siku yenyewe."

"Basi waandike kwamba hawatarudisha. Sitaki kurudishiwa baada ya mwaka."

"Haturudishi kamwe," akasema Karani, akaliandika hilo mara mbili. Kwandu akaweka dole gumba.

Wiki mbili zilizofuata Kwandu hakumwacha Mariana peke yake. Alimfuata kisimani, alimfuata kanisani, akawakagua wale ng'ombe kwato kwa kwato akitafuta hila. Wakati huo ofisi ya Magese ilikuwa imepata mwanga bila jenereta. Alikuwa na kipande cha mchana ndani ya chupa, juu ya kabati la mafaili.

Siku yenyewe ilipofika, Mtemi alipita juu ya ua bila kugeuza shingo, akaelekea mtoni na watu wanne waliobeba vigingi. Mariana alibaki mlangoni na gauni lake la kipaimara lililoachiwa pindo. Kwandu akakimbia nyuma yao.

"Bibi harusi yuko nyumbani, Ntemi."

Mtemi alimtazama kwa upole. "Bibi harusi wa nani?"

Mariana, aliyekuwa amemaliza darasa la saba, akawafuata na karatasi iliyobaki nyumbani, akaisoma. "Mama, ni kwa l," akasema. "Wamenunua shamba."

Kwandu akakaa chini palepale. Aliona aibu kwanza, kisha hasira. Alikuwa amemlinda mtoto, wakachukua shamba.

Mjini Bariadi, alikokwenda kushtaki, bwana mmoja wa ofisini alimuuliza kama ng'ombe alipokea. Alipokea. Na ndama? Na ndama. Bwana yule akamweleza kwamba zama hizi kila mtu ana uhuru wa kuuza. Ng'ombe wa Jua nao wanakula majani kama ng'ombe wengine, na Kwandu hakuwa tena na pa kuwalishia, hivyo Zengo akawaswaga kwenda Mwanhuzi kutafuta malisho. Hajarudi.

Mtemi alikaa katikati ya shamba, na tangu hapo jua halijazama juu ya ekari zile nane. Migato ikiingia giza, pale mtoni ni saa sita mchana. Pamba hupasuka mara tatu kwa mwaka. Watu wamezoea, hupeleka mihogo kuanika huko.

Walipotakiwa wachumaji wa pamba hiyo, Kwandu na Mariana walikwenda. Safari hii Mariana alisoma mkataba wote, herufi kwa herufi, na Kwandu akamwambia arudie. Hapakuwa na neno la kutilia shaka. Kazi huanza asubuhi na kuisha jua likizama. Wakaweka dole gumba.

Walianza Jumatatu. Alhamisi, Mariana aliomba ruhusa akalale. Karani akamwonyesha jua kwa kalamu, akamrudishia gunia lake. Kwandu akasogea kidogo, akaanza kuchuma mistari miwili, wake na wa binti yake.