Farasi wa Ghorofa ya Kumi na Moja

Jeptoo aliizuia lifti kwa mguu ili farasi aingie. Alikuwa ametoka zamu hospitalini, mikononi ana maziwa ya mifuko, na hakuwa na nguvu za kubishana na mnyama mwenye theluji hadi masikioni. Ghorofa ya kumi na moja farasi alitangulia kushuka, akasimama mlangoni kwa Mama Oyuna.

"Leo wanaionyesha wapi filamu yako?" Jeptoo aliuliza.

"Kwetu Mongolia, kwenye televisheni," alijibu Mama Oyuna, akimsogezea farasi karai la maji.

Huko Mama Oyuna alikuwa mwandishi wa filamu. Ile ya kwanza ikionyeshwa popote duniani, farasi aliyembuni humjia hapa Kingsview Village, Toronto, akiwa na kiu. Wenye jengo walilalamikia kwato, wakausoma mkataba, wakakuta unakataza mbwa tu.

Jeptoo, Mkalenjin aliyekuzwa kwa maziwa, alipatana naye tangu siku alipoitia sukari chai ya Kimongolia iliyokwisha tiwa chumvi. Mama yule aliinywa yote bila kukunja uso.

Jina la Mama Oyuna halimo kwenye filamu ile ya kwanza. Ilipokuwa ikimaliziwa, yeye alikuwa wodini akijifungua. Aliporudi, mwongozaji ameshajiandika mwenyewe kuwa ndiye mtunzi. Zilizofuata zilikwenda vivyo hivyo, hadi akastaafu.

Sasa filamu ile ya kwanza ilikuwa inaletwa Toronto, na waandaaji walimwahidi kwa simu kwamba jina litarekebishwa.

"Nilione mara moja tu, Jeptoo, kwa macho yangu."

Walikwenda ukumbini wote watatu, na farasi, Mama Oyuna ndani ya joho la hariri la kwao. Katikati ya filamu mchunga mifugo kwenye skrini alisimama, akavua kofia, akamwamkia Mama Oyuna pale alipoketi, na kumuuliza kama aendelee.

"Endelea, mwanangu."

Mtu wa nyuma aliomba farasi asogee kidogo. Kisha majina yakapita. Mtunzi alikuwa mwongozaji yule yule. Muda haukutosha, walisema waandaaji, na watu wakapiga makofi.

"Pole, Mama," alisema Jeptoo.

"Imeniuma sana," alisema Mama Oyuna, akimpapasa farasi shingo. "Twende. Huyu ana kiu."

Nyumbani alipika chai: chumvi kwake, sukari kwa Jeptoo. Farasi alilala sebuleni, nao wakamcheka anavyokoroma. Simu ikalia; walikuwa waandaaji. Watu wameipenda filamu. Itaonyeshwa tena Jumamosi, vile vile ilivyo.

Mama Oyuna alishukuru, akakata simu, akaenda kujaza karai.