Mazoezi Baada ya Kazi

"Fumbeni macho, sikilizeni bahari iwatulize," alisema Husna, mwalimu wa mazoezi aliyeletwa na kiwanda chetu cha samaki. Tulikuwa tumeshinda tumesimama tukisafisha pweza, na saa za kazi zilikuwa zimekwisha.

Nikafumba, nikasikiliza. Nitulie vipi? Maji yalikuwa yanapwa! Kila nikivuta pumzi, mawimbi yalisikika mbali zaidi, na boti ya kuturudisha kisiwani kwetu Juani ilikuwa bado imefungwa ufukweni. Mize, jirani yangu, akanifinya.

"Mbona hamtulii?" akauliza meneja, Bwana Luqmani.

"Boti itapwelewa, bosi," nikasema nikiinuka. "Kama kweli mnatutakia afya, tupumzisheni mchana."

"Mchana ni saa za kazi, dada."

"Na huu mgongo umeumia saa za nani?"

Tukakimbilia ufukweni, lakini boti ilikuwa imeshakaa kwenye tope. Tukaisukuma, sisi wanawake na nahodha wetu, matope magotini, mpaka ikaelea.

Njiani simu yangu ikalia. Ujumbe wa kiwandani: "Je, mazoezi ya leo yamekupunguzia uchovu?"

Mikono ilikuwa imechoka hata nikashindwa kuandika "hapana".