Siku Tatu za Mtae

Severin Shekiondo alikuwa amefanya kazi ya kamera kwa miaka thelathini na minane. Alianza kwa kubeba stendi, akawa msaidizi, mwisho akawa mpiga picha mkuu ambaye waongozaji wa filamu walimgombania. Safari hii Davis, mwongozaji kijana, alimpeleka Mtae kwa sababu ya picha moja ya sinema yake ya zamani: ukungu unapanda kutoka bondeni na kumfunika mwanamke aliyebeba kuni.

"Nataka ukungu kama ule wako, mzee," Davis alimwambia.

Walipofika, mama mwenye nyumba waliyopangiwa alimkazia macho Severin.

"Shikamoo, baba. Umerudi?"

"Marahaba, mwanangu. Labda umenifananisha. Mimi Mtae sijawahi kufika."

"Si wewe Severin wa sinema? Mimi Sesilia. Ulilala hapa siku tatu, nikiwa darasa la tano. Yule mwenye kuni mliyempiga picha ni marehemu mama yangu. Josephina hajambo?"

Severin alishtuka. Josephina ni dada yake. Na picha ile aliipiga Irente, jirani na Lushoto mjini. Hata redioni aliwahi kueleza hivyo.

Aliacha chakula mezani. Alitoka uani kutafuta mtandao, akampigia Valentino, msaidizi wake wa miaka ile, ambaye sasa anafuga ng'ombe wa maziwa huko Kwai.

"Vale, ile picha ya ukungu tuliipiga wapi?"

"Mtae."

"Mbona mimi nakumbuka Irente?"

"Irente tulikwenda baadaye. Mtae ulikuwa na malaria, kaka. Unaweweseka, unamwita Josephina usiku kucha. Nilikushusha kwa lori mpaka Soni umelala juu ya magunia ya kabichi."

"Sasa nani aliipiga?"

"Wewe ndiye uliyenionyesha pa kuweka kamera. Au nilipachagua mwenyewe, wewe ukakubali. Kusema kweli sijui tena. Jina lilitoka lako, nami sikuuliza."

Severin alirudi jikoni kwa Sesilia.

"Ukungu ulipopanda, mimi nilikuwa wapi?"

"Mara ya kwanza ulikuwa kitandani, nakunywesha uji. Wakarudia kupiga. Mara ya pili ulitoka umejifunga blanketi, ukamsogeza mwenzako, ukashika kamera mwenyewe."

"Ipi ndiyo iliyotumika?"

"Baba, mimi hiyo sinema sijawahi kuiona."

Severin alifungua simu akamwonyesha. Sesilia alimwangalia mama yake akitembea na kupotea ndani ya weupe. Aliomba arudishiwe, mara mbili, mara tatu. Severin naye alitazama akitafuta mkono wake mle, jinsi kamera inavyogeuka. Safari moja aliuona. Safari iliyofuata aliuona wa Valentino.

Asubuhi ukungu ulianza kupanda. Severin alipanga kamera, akaihamisha hatua mbili, akairudisha.

"Davis," alisema, "ile picha iliyokufanya unipe kazi hii, sina uhakika kama ni yangu."

Davis alimtazama asielewe kama ni utani. "Ni ya nani, basi?"

"Ukiitaja popote, andika mimi na Valentino, msaidizi wangu wa wakati ule. Ndivyo tuwezavyo kusema."

"Sawa, mzee. Lakini ukungu unapita. Tuanze?"

Severin aliinama kwenye kamera. Kwa mara ya kwanza baada ya miaka mingi, hakujua aanze na nini.

"Tuanze," alijibu.