Mikanda ya Mkwe

Mama Akoth alishona mabegi katika soko la Owino miaka mingi, akajiona bingwa wa mikanda. Basi mkwe wake Okullo, polisi mzamiaji, alipotaka mikanda ya kubebea mitungi miwili ya hewa ubavuni, maana mtungi wa mgongoni ulikwama kwenye milango ya boti zilizozama, Akoth alisema, "Niachieni mimi."

Tatizo, Mjaluo hampimi mkwe wake. Hata kumgusa bega ni aibu. Kwa hiyo alipima koti la Okullo la kazini, kwapa, mgongo, kiuno, akashona mishono miwili miwili, akajisifu mpaka majirani wa Makindye wakachoka.

Majaribio ya kwanza bwawani, mitungi ilining'inia kama viwele vya ng'ombe. Mkufunzi Erinayo akamtoa Okullo majini. "Kesho ukija hivi tena, unarudi kulinda geti."

Jioni hiyo Okullo alikaa sebuleni, Akoth jikoni, pazia katikati. Moreen, binti yake Akoth, alipeleka maneno, ingawa kila mtu alisikia.

"Mwambie mama mikanda inanikaa vizuri nikisimama."

"Anasema inamkaa vizuri akisimama."

"Kwani huko majini anasimama?"

"Analala kifudifudi, mama, mikono mbele."

Akoth alikuwa amelipima koti likiwa kwenye msumari, limesimama wima kama askari wa gwaride. Bingwa mzima.

Akavaa ile mikanda juu ya gauni, akalala kifudifudi kwenye benchi jembamba la jikoni. Moreen akamfungia mtungi huku na huku.

"Mama, umekuwa punda wa kuchota maji."

"Punda ana akili. Angeuliza kwanza."

Aliponyoosha mikono mbele, mikanda ya mabega ikalegea, na midomo ya mitungi ikatoka kwapani ikashuka. Kumbe kosa ndilo hilo.

"Fupisha ule mpira wa kuvutika unaopita mgongoni, upana wa vidole vitatu. Na ile pete ya kufungia mitungi kiunoni isogee nyuma, kule..." Akakumbuka pazia. "Kule anakokalia."

Sebuleni mtu alikohoa sana.

Kesho yake Okullo alipita kwenye tundu jembamba la majaribio, mitungi imembana mbavuni, bila kugusa popote. Geti likapata mlinzi mwingine.

Wiki iliyofuata wenzake wawili walifika Owino wakitaka mikanda, mmoja akiwa amebeba koti lake. Akoth akalirudisha, akatandika gunia mezani.

"Lala kifudifudi, mwanangu," alimwambia, akitoa utepe wa kupimia. "Wewe hujaoa kwangu."