Sahani ya Xoán

Kwa miaka miwili Roselyne alikula wima jikoni, sahani mkononi, katika ghorofa ya watu huko West Bay, Uarabuni, alikokwenda kutafuta kazi. Si kwamba alifukuzwa mezani. Hakuna aliyemwambia keti, basi, na hilo lilimuuma kuliko kufukuzwa.

Kazi yake ilikuwa kumtunza Sabela, ajuza kutoka Galicia, ile kona ya Hispania yenye mvua zisizokatika na lugha yake yenyewe, Kigalisia. Mwanawe, injinia, alikielewa vizuri sana lakini alimjibu mamake kwa Kihispania. Shuleni waliambiwa Kigalisia ni cha washamba. Roselyne aliyajua hayo. Shuleni kwao Vihiga aliwahi kuvishwa kibao shingoni kwa kosa la kusema Kimaragoli, lugha ya mamake. Basi ajuza akamfundisha yeye: pan ni mkate, auga ni maji, avoa ni nyanya, yaani bibi, na morriña ni hamu ya kwenu inayokukaba hata ukiwa umeshiba. Hilo la mwisho halikuhitaji maelezo.

Ijumaa ya kwanza ya Novemba 2013, wafanyakazi wenzake wakiwa kanisani Mesaimeer, maana huko ibada ni Ijumaa, na injinia akiwa safarini, Sabela aliandaa meza kwa mikono yake. Supu ya mboga na viazi, sahani mbili. Roselyne hakuamini macho yake. Akavua aproni, akaketi, akanywa kijiko cha kwanza, cha pili.

“Hiyo ni ya Xoán,” Sabela alisema.

Xoán alikuwa mumewe, aliyefariki miaka thelathini nyuma. Kwao Galicia, siku hiyo ya tarehe mosi Novemba wafu hurudi nyumbani kula, nao huwekewa nafasi mezani. Roselyne alikuwa amekula chakula cha marehemu! Akainuka, uso ukiwaka kwa aibu.

“Senta, filla,” ajuza akamwambia. Keti, binti yangu. “Xoán hanijibu. Wewe unanijibu.”

Wakala pamoja, wakaongea hadi supu ikaisha.

Sabela alifariki mwezi Machi. Roselyne akapata kazi kwa familia nyingine Umm Salal, akarudi kula wima jikoni. Novemba ilipofika alipika sukuma wiki na viazi, akapanga sahani mbili juu ya sanduku chumbani mwake, akaketi upande mmoja.

“Senta, avoa,” alisema.

Akangoja mpaka chakula kikapoa. Kisha akala chake. Safari hii hakuigusa sahani isiyo yake.