Siku Tano Pungufu

Orodha ya wapiga kura wa chama cha maziwa ilibandikwa kwenye mlango wa kituo cha maziwa asubuhi ya Jumatatu, na Sayari, asiyejua kusoma, alimwomba katibu amtafutie jina lake.

"Halimo, Kaki," alisema Gopilal, akimwita shangazi kwa heshima, bado ameshika kipimo cha mafuta ya maziwa.

"Tafuta vizuri. Miaka ishirini na miwili naleta maziwa hapa, jina litakimbilia wapi?"

"Nimetafuta. Kanuni inasema mwanachama alete maziwa siku mia na themanini kwa mwaka ndipo apige kura. Wewe umeleta siku mia na sabini na tano."

Siku tano! Nyati wake mmoja wa kufugwa alikuwa amekamuliwa tangu baada ya Diwali mpaka joto lilipomkausha, na katika muda huo Sayari hakukosa hata siku moja, isipokuwa Amavas. Siku hiyo, mwezi unapotoweka kabisa angani, Mgujar, mtu wa jamii yao ya wafugaji, hauzi maziwa wala hayagandishi. Hupikwa wali wa maziwa, mungu wao Dev Narayan akapewa sehemu yake, watoto na wapita njia wakala kilichobaki. Zilipita Amavas sita. Katibu wa zamani, Mungu amrehemu, alikuwa akiziandika kama siku za kuleta, na hakuna aliyemuuliza. Gopilal aliagizwa asiziandike.

Nani alimwagiza, kila mtu kijijini Dhanoli alijua. Mwenyekiti wa chama alitaka kituo kihamishiwe barabara kuu, jirani na shamba lake. Rukma, mama mwenye sauti ya kuita ng'ombe kutoka kilima cha pili, aligombea kiti hicho ili kibaki kitongojini mwa Wagujar. Na goti la kulia la Sayari lilikuwa limekwisha. Kutoka nyumbani mpaka kituoni alijikokota hatua mia mbili, ndoo kichwani. Barabara kuu ilikuwa mwendo wa saa nzima. Kituo kikihama, nyati atauzwa, na bila nyati Sayari atabaki kukaa kibarazani akisubiri kupewa chai na mkamwana.

Waliokatwa kwenye orodha walikuwa thelathini na wanane, wote wa kitongoji kimoja. Wakaenda mahakamani.

Jaji alisikiliza, tena kwa upole. Kisha akasema tangazo la uchaguzi limeshatoka, na uchaguzi ukishaanza mahakama haiusimamishi. Upigwe kwanza, mwenye malalamiko alalamike baadaye.

"Yaani nyumba iungue kwanza ndiyo tuite maji?" Rukma alimuuliza wakili wao nje.

"Ndiyo sheria, mama."

Sheria ni msumeno, husema watu, hukata mbele na nyuma. Msumeno wa Dhanoli nimeutazama sana, sijauona ukirudi nyuma.

Siku ya kura walisimama nje ya ua, wanawake wamejifunika ushungi, wakitazama wenzao wakiingia mmoja mmoja. Rukma alishindwa kwa kura kumi na moja. Waliokuwa nje hawakuhitaji mtu wa kuwafanyia hesabu.

Malalamiko yalichukua miezi saba. Afisa aliyepewa kuyasikiliza alikuwa kijana nadhifu, na alimwita Sayari kwa sababu pengo lake la siku lilikuwa dogo kuliko la wote. Wakili alikuwa amemfundisha: sema ni desturi, sema katibu wa zamani aliikubali, nyamaza.

"Siku ya Amavas kituo huwa kimefungwa?" aliuliza afisa.

"Huwa wazi, Saheb."

"Nyati hukauka siku hiyo?"

Watu walicheka. Sayari naye alicheka kidogo. "Hakauki. Tena hutoa sana."

"Kuna mtu aliyewakataza kuleta?"

Wakili alikohoa. Sayari alimsikia, na alijua kikohozi kile maana yake nini. Lakini alikuwa ameapa, na ni jina la Dev aliloapa nalo.

"Hakuna, Saheb. Tulikataa wenyewe."

Karani akaandika. Hukumu ilikuwa kurasa mbili: wanachama hawakuzuiwa na chama, walijizuia wenyewe.

Wiki ile ile mzani ulipakiwa kwenye trekta, kituo kikahamia barabara kuu.

"Bado kuna uchaguzi mwingine," Rukma aliwaambia wenzake, na safari hii sauti yake ilikuwa ndogo. "Wanataka siku, tuwape siku. Amavas nayo tupeleke. Dev anatuona, anajua tumebanwa."

Nyati wa Sayari alikuwa amezaa tena, na mtoto wa kiume wa Sayari alikuwa ameshamleta mnunuzi mara mbili. Sayari alimfukuza mara zote mbili. Alisema atatembea.

Akatembea kweli. Siku za kawaida alitoka gizani, akapumzika njiani mara nne, akafika kabla jua halijawa kali. Lakini asubuhi ya Amavas alichelewa, kwa kuwa alikaa muda mrefu mbele ya ndoo, mikono magotini, akiona haya kama mwizi. Mkamwana wake alisimama mlangoni, akimtazama. Jua lilipochomoza, Sayari alijitwisha ndoo na kutoka kwa njia ya nyuma, asipite mbele ya hekalu la Dev.

Alifika kituoni jua likiwa juu ya paa. Gopilal alifunua ndoo, akanusa, akaonja kwa ncha ya ulimi.

"Yamechacha, Kaki. Yameanza kuganda."

"Andika siku tu. Maziwa mwaga."

"Yaliyokataliwa hayaandikwi."

"Gopilal, mwanangu. Unajua leo ni siku gani."

Gopilal alijua. Aliutazama mstari mtupu mbele ya jina la Sayari, kisha akafunga daftari, akamsaidia kuinua ndoo na kuirudisha kichwani.